Hotuba Aliyoifuta Mzee Futa

Mzee Futa alikutwa chali kando ya meza yake ya kazi, miwani imevunjika, damu imeganda kwenye pembe ya meza. Mkewe ndiye aliyemkuta, aliporudi kutoka sokoni.

"Ameteleza," alisema mkuu wa kituo, akiwa hata hajaingia chumbani. "Mtu mzima, sakafu ya vigae, unategemea nini? Kesho asubuhi wanazika. Inspekta, andika ajali tuwaache wafiwa wapumue."

"Nipe mpaka jioni, afande."

"Mpaka jioni. Akishafukiwa, usije ukaniambia tufukue."

Tusidanganyane, Inspekta hakuwa mtu baki hapo. Filamu za Mzee Futa zilimlea. Kila filamu yake mpya ilipoingia sinema, mama yake Inspekta alikuwa akifunga duka mapema, na njia nzima ya kurudi nyumbani familia iligombania maneno ya jambazi, kila mtu anataka kuyasema yeye. Mzee alianza kama mchoraji wa mabango nje ya sinema. Akaziona filamu alizokuwa akizichorea, akachukia, akasema hata mimi naweza. Na kweli aliweza, bwana! Jina la Futa walimpa waigizaji, maana alifuta kuliko alivyoandika. "Nani anahutubia jikoni?" angeuliza, kisha anapiga mstari ukurasa mzima. Ndiyo sababu watu wa filamu zake walisema kama watu.

Daktari wa uchunguzi alikunja mikono ya shati la marehemu.

"Pembe ya meza ndiyo iliyomuua. Lakini tazama hapa, juu ya viwiko."

"Michubuko?"

"Ya vidole. Mibichi. Alishikwa akatikiswa. Na nani, hilo ni lako."

Inspekta alimgeukia mjane. "Mama, pole sana. Kuna kitu kimepotea?"

"Kurasa za mwisho za filamu mpya. Asubuhi nilipomletea chai zilikuwa hapa mezani."

"Labda amezifuta," mkuu wa kituo alidakia. "Si ndiyo jina lake?"

Saa ya ukutani, redio, pochi, vyote vilikuwepo. Inspekta alipiga magoti, akamwaga kikapu cha taka na kukunjua karatasi moja moja. Kurasa za mwisho hazikuwemo.

Jirani wa ukuta kwa ukuta alikuwa mwalimu mstaafu, mwanamke mcheshi ambaye siku hiyo macho yalikuwa yamemvimba.

"Mwalimu, leo ulisikia ugomvi?"

"Mwanangu, mimi miaka yote nasikia ugomvi! Mzee hakuandika kimya. Kila neno lazima alitamke kwanza, awe mama, awe jambazi, awe kichanga. Siku nilipohamia nilisikia 'Nakufa!' nikavamia na mwiko mkononi. Namkuta amejishika koo kwa mkono mmoja, mwingine unaandika. Akaniambia, 'Asante, sasa najua jirani anaingiaje.' Tangu siku hiyo sijainuka tena kitini."

"Na leo?"

"Leo ulikuwa mtamu. Yeye na yule Staa, mwigizaji wake mkuu. Alizoea kumwigiza, lakini leo, weee! Alimpatia kuliko siku zote."

"Walisema nini?"

"Maneno sikuyashika. Walikuwa wanakatizana, huyu hajamaliza huyu kaingia, wote wanapayuka kwa pamoja."

Inspekta aliweka chini kikombe cha chai aliyokaribishwa. "Kwa pamoja, Mwalimu?"

"Ndiyo, kwa pa..." Mwalimu alijiziba mdomo.

"Mtu mmoja anaweza kuigiza watu kumi," alisema Inspekta taratibu, "lakini kwa zamu. Hawezi kujikatiza mwenyewe."

"Mungu wangu! Na mimi nilikaa hapa nacheka!" Akaangua kilio, na Inspekta akamshika mkono mpaka alipotulia.

Mwongozaji wa filamu alikutwa msibani, amejiinamia.

"Jana jioni Mzee alinipigia simu. Alifurahi kama mtoto. Ameifuta hotuba ya mwisho ya Staa, ile anayoitoa kaburini kwa baba yake. Yote."

"Alisema kwa nini?"

Mwongozaji alimweleza. Inspekta akauliza, "Staa anajua?"

"Nilimwambia mimi, ulimi wangu huu! Akanikatia simu hata sijafika kwenye sababu."

Staa alikuwa uani akipanga viti vya wafiwa, shati limelowa jasho na machozi. Alimfuata Inspekta kituoni bila ubishi. Koplo akakaa pembeni kuandika maelezo.

"Asubuhi ulikuwa wapi?"

"Nyumbani. Nimelala."

"Alama zako za vidole ziko mezani kwake."

"Naingia chumba kile tangu kijana. Alama zangu ziko mpaka kwenye birika."

"Sauti yako imesikika."

"Mzee aliniigiza kila siku! Muulize yeyote."

"Alikuigizaje huku anakujibu? Mlisemeana juu kwa juu."

Staa alitazama mlango, akatazama mikono yake.

"Kurasa ziko wapi?"

"Kwenye gari. Chini ya kiti." Kisha ikawa kama bomba limepasuka. "Sikwenda kumuua, dada yangu. Aliniokota nikibeba nyaya za taa, akaniandikia filamu moja baada ya nyingine. Lakini zote ni ngumi na kukimbia! Hotuba ile ndiyo niliyoisubiri. Kwa mara ya kwanza watu wangenisikia. Nikamwambia airudishe. Akawa anataka kunieleza, mimi simpi nafasi, napiga kelele. Nikamshika, nikamtikisa, nikamsukuma."

"Mbona hukuita mtu?"

"Niliona hapumui. Nikawaza, kurasa zikipotea, watapiga picha kwa mswada wa zamani. Wenye hotuba yangu. Nikamruka, nikatoka."

Inspekta alivuta kiti karibu. Hakupenda alichotaka kusema, lakini aliona ni haki ya marehemu kisemwe.

"Alichotaka kukueleza alimweleza mwongozaji. Alisema, 'Wengine nawapa maneno kwa sababu nyuso zao hazina kitu. Huyu akisimama kaburini akanyamaza, sinema nzima italia. Nimeandika maisha yangu yote, na sijawahi kuandika kitu kinachoufikia uso ule.'"

Staa alibaki ametumbua macho. Midomo ilicheza, hakuna kilichotoka. Koplo, ambaye hakuwahi kulia kazini, aligeukia ukutani.

"Andika," Staa alimwambia hatimaye. "Andika kwamba nilimuua baba yangu, naye alikuwa ananisifu."