Blanketi la Futi Kumi

Dobi alivijua vitambaa kuliko alivyowajua mashemeji zake. Kwa miaka kumi na miwili alikuwa akifua mashuka ya hospitali, na hakukuwa na uchafu wa mwili wa binadamu ambao pua yake haikuwahi kukutana nao ikaupuuza. Ndiyo maana alijishangaa asubuhi ile. Alikuwa akitandika kitanda, mkono ukagusa unyevunyevu katikati ya godoro, akaunusa, akakimbilia chooni kutapika.

Kitanda chenyewe kilikuwa kipya. Mumewe, seremala ambaye kila mtu alimwita Fundi, alikuwa amekitengeneza kwa mikono yake, upana futi saba. Majirani walicheka: watu wawili, kitanda cha ukoo mzima! Fundi akawajibu kuwa mbao zilikuwa ndefu, na mbao nzuri hazikatwi ovyo. Alizitoa wapi hakusema, na mkewe hakuuliza.

Walinunua blanketi la futi nane. Kila alfajiri Dobi aliamka mgongo wazi, ameganda kwa baridi.

"Unanivuta blanketi, Fundi."

"Mimi? Mimi nimelala nusu uchi hapa! Wewe ndiye unayejiviringisha peke yako."

Wakanuniana siku nzima. Kesho yake Dobi akarudi dukani, na muuza mablanketi, mwanamke asiyeishiwa maneno, akavuta tepu yake.

"Dada, unapima upana wa kitanda, unaongeza futi moja huku na futi moja huku. Saba yako ni tisa. La tisa linawafunika hata waliogombana."

La tisa nalo halikutosha. Na pale katikati, unyevu sasa ulikuwa ute mzito wa kijivu, unaoganda vidoleni kama mafuta ya supu iliyolala, wenye harufu ya nyama iliyosahauliwa ndani ya mfuko. Siku moja alikuta humo unywele mgumu. Akauvuta, ukazidi kuja, ukazidi kuja, na mwisho wake ukatoka na kijipande cha ngozi, bado laini. Dobi alinawa mikono kwa sabuni ya kazini mpaka ikachubuka.

Lakini kinyaa ni kinyaa tu, mtu hunawa. Kilichomtia hofu ni mumewe. Fundi alikuwa anakonda. Kisogoni ngozi yake ilikuwa imekuwa nyembamba, nyekundu na yenye kung'aa, kama kidole cha mtoto anayekinyonya kutwa. Dobi hakuwa na mtu mwingine duniani zaidi ya mwanamume yule mbishi, na alimwona akiisha mbele ya macho yake.

Alidhani ni baridi inayommaliza. Akaenda kuagiza la futi kumi, ambalo ilibidi lishonwe kwa kuunganisha mawili ya sufu safi.

"Dada," muuza mablanketi akamtania, "kwani mko wangapi?"

La futi kumi likatosha. Jumapili mchana, mvua ikipiga bati, walijilaza wapumzike, na kwa mara ya kwanza Dobi akahisi mgongo wake umefunikwa sawasawa, akafurahi, akanyoosha mkono chini ya blanketi kumtafuta mumewe, akaupata mkono wake, akaushika, akafumba macho, akawa anausikiliza usingizi ukija huku pua yake ikinasa ile harufu ya mfuko wa nyama, nzito kuliko siku zote na yenye uvuguvugu kama pumzi, na masikio yake yakinasa mlio mdogo wa majimaji, wa polepole, wa ulimi unaolamba kitu kwa utamu bila haraka yoyote.

"Fundi," alinong'ona.

"Mmh."

"Uko wapi?"

"Huku ukutani."

"Mikono yako iko wapi?"

"Yote chini ya shavu langu. Kwani vipi?"

Dobi akajaribu kujinasua. Mkono aliokuwa ameushika ukambana vidole, na ulikuwa unateleza.

Jioni ileile, wakiwa wamekimbilia kibarazani, aliletwa mtabibu wa majini, mama mfupi mwenye mafua makali. Alikizunguka kitanda, akapenga kamasi, akamgeukia Fundi.

"Mbao umetoa wapi, mwanangu?"

Fundi akainamisha kichwa. "Machinjio ya zamani, mama. Walipoyabomoa. Zilikuwa sakafu."

"Kwa hiyo umemng'oa jini na sakafu yake iliyolewa damu, ukamchongea kitanda, ukamwachia na nafasi katikati. Nafasi isiyo na mwenyewe hupata mwenyewe. Halafu mkaongeza blanketi, mkaongeza, mpaka likamtosha na yeye! Chomeni kitanda. Chomeni na kila kilichomgusa. Kisha mlale mmebanana."

Kitanda kilichomwa uani. Moshi wake ulinukia nyama choma, na kilichomchukiza Dobi kuliko yote ni kwamba mate yalimjaa mdomoni.

Blanketi hakulichoma. Sufu safi, jipya, kulitia moto? Yeye, aliyetoa kwenye mashuka damu ya watu wasiohesabika? Kazini kwao walikuwa na msemo kwamba hakuna kinachoyashinda maji ya moto. Akalipeleka huko kimyakimya, akalichemsha mara tatu kwa dawa ya madoa, akalinusa upande hadi upande. Lilinukia sabuni. Akalikata, akalipindia vizuri, futi sita tu, la kitanda chao cha zamani cha futi nne.

Walibanana. Fundi akaanza kunawiri, kisogo kikapona, ubishi ukarudi. Dobi akashukuru, na siri yake akaimeza.

Wiki ya tatu, alfajiri, aliamka yuko sakafuni, ubavu umekufa ganzi. Akacheka peke yake. Kubanana huko! Akainuka amsukume mumewe asogee.

Mwanga ulikuwa unaanza kuingia dirishani. Blanketi lilikuwa limetulia vizuri kitandani, limefunika mabega, limefika miguuni, halikupungua popote. Chini yake walikuwa wamelala watu wawili.

"Mke wangu," Fundi alisema usingizini, akamgeukia aliye ubavuni mwake na kumkumbatia, "leo una joto."