Sauti ya Marehemu Ghalani

Rafiki yangu, mhadhiri wa Kigiriki cha kale, alinisimulia haya bila kunitazama usoni. Mwenzake wa idara alikuwa amefariki, na msibani kila mtu alisifu jinsi marehemu alivyoghani tenzi za mashujaa.

"Hata jenezani ananipiku," aliniambia. "Nilimwonea wivu, ndugu yangu."

Kesho yake mchana alishuka kwenye ghala la chini la maktaba kuchukua kamusi. Umeme ukakatika, giza likawa totoro. Ndipo akasikia mtu akighani Kigiriki taratibu, kwa mapigo ya tenzi zile, silabi ndefu kisha fupi mbili, kwa sauti ile ile ya marehemu.

Badala ya kukimbia, alipandwa na hasira. "Umeshakufa! Niachie na mimi nisikike!"

Sauti ilinyamaza alipofoka, kisha ikaendelea palepale ilipoishia. Akaifuata kwa kupapasa rafu hadi ukutani. Haikusogea karibu wala mbali.

Akaziba mdomo kwa kiganja, pumzi zake zisimzuie kusikia vizuri. Utenzi ukafifia papo hapo, na chini ya kiganja akahisi midomo yake inacheza, ndefu, fupi, fupi.