Nafasi ya Mwanamieleka

Walikutana kwa kukumbana, kwenye ujia wa maduka ya vifaa vya umeme, palipojaa watu hadi pa kukanyaga hapakuwepo. Fundi kompyuta alishika kikombe cha chai. Mshonaji, gauni la njano na utepe wa kupimia shingoni, alikumbatia mashine kuukuu ya gemu.

"Samahani, dada! Nimekuunguza?"

"Mimi sijambo. Hii mashine ikilowa, leo utanitambua!"

Mashine ilikuwa imekufa zamani, ila kadi yake ya kumbukumbu ilikuwa nzima. Ndani yake alikuwemo mwanamieleka aliyebuniwa na marehemu kaka yake mshonaji: bukta nyekundu, na kabla ya pambano huinama kuelekea kushoto.

"Ananisalimia mimi," mshonaji alisema. "Nilikuwa nakaa upande huo tukicheza."

Fundi akaihamishia gemu, pamoja na mwanamieleka huyo, kwenye kompyuta yake. Mapenzi ni kikohozi, hayafichiki. Ikawa kila jioni msichana anachora mavazi, kijana anawavika wanamieleka, kisha wanabwagana na kucheka mpaka mbavu ziume.

Siku moja fundi akampigia simu. "Wahi leo, malkia wangu. Nina kitu."

"Kitu gani?"

"Ukija utaona."

Kwenye kioo cha kompyuta aliingia mwanamieleka mwenye sura ya mshonaji, ndani ya gauni la harusi alilolichora mwenyewe. Bango likasomeka: UTAKUBALI NIKUOE? Mshonaji alicheka huku akilia.

"Mlete na kaka, ashuhudie."

Fundi akamung'unya maneno. "Gemu hii ina nafasi chache, mpenzi. Zilijaa. Nikatumia ile yake. Lakini si yupo kwenye kadi?"

Hapo hapo akakumbuka. Asubuhi ile alikuwa ameinakili harusi hiyo ya gemu hadi kwenye kadi, juu ya yote yaliyokuwemo, yakafutika, ili mpenzi wake awe nayo. Akamweleza yote.

"Kwa hiyo umenioa juu ya kaka yangu," mshonaji alisema, akachukua mkoba wake.

Simu ziliita bila kupokelewa. Fundi alimbuni marehemu upya, bukta ile ile, kuinama kule kule. Mwishowe mshonaji alikuja, akakaa kushoto, akatazama.

"Anafanana naye sana," alisema taratibu. "Ila huyu anayenisalimia ni wewe."

"Nakupenda. Nipe nafasi nyingine."

"Na mimi nakupenda," alijibu, machozi yakimtoka. "Lakini nafasi ndiyo hiyo uliyoifuta."

Akatoka. Kwenye kioo mwanamieleka akainama tena, kuelekea kiti kitupu.