Darasa la Awali Lililohama

Kila asubuhi kengele ikishalia, Fauzia, kiongozi wa darasa la tano katika shule moja ya msingi huko Ziwani, aliita mahudhurio. Siku hiyo moyo wake ulikuwa juu juu. Afisa wa halmashauri alikuwa anakuja kuhesabu wanafunzi, na Fauzia alikuwa amesikia kwamba ruzuku ya serikali hufuata idadi ya watoto. Darasani kwao kitabu kimoja kilisomwa na watoto sita. Na kwa kuwa ulikuwa msimu wa korosho, wenzake kumi na mmoja walikuwa mashambani wakiokota na wazazi wao.

Hakumshirikisha mtu. Mwalimu wa awali alipokwenda jikoni kuulizia uji, Fauzia aliwahamisha watoto wote wa awali hadi darasa la tano, akawabananisha kwenye madawati ya nyuma na kuwaonya wasifungue mdomo.

Bi Veronika, yule afisa, aliingia akaanza kuhesabu. Huko nyuma vilionekana vipaji vya nyuso tu. Akamsimamisha Zuberi, mwenye miaka mitano, akamuuliza saba mara nane ni ngapi.

Zuberi alifikiri sana. "Uji bado?" akauliza.

Darasa liliangua kicheko. Bi Veronika alijikaza, akatoka kwenda darasa la awali. Hakukawia kurudi, akifuatana na Mwalimu Mkuu Amiri aliyekuwa akifuta jasho. Bi Veronika alisema kule amekuta mwalimu akichungulia chini ya meza, mtoto hata mmoja hakuna; basi ataandika kwamba awali ni sifuri.

Fauzia alitambua kosa lake. Kina Zuberi wangekosa fungu lao kwa sababu yake. Akasimama.

"Ni mimi, mama. Hawa ni wa awali. Wa kwetu wako kwenye korosho."

Bi Veronika alieleza kwamba ruzuku hutazama walioandikishwa, hata asiyefika leo yumo. Alichotaka kujua ni nani haji, na kwa nini. Ijumaa hiyo walimu walikaa na wazazi, wakakubaliana watoto waokote korosho baada ya masomo. Jumatatu wote kumi na mmoja walikuwepo, na shule ikaandika barua kuomba vitabu.

Mwalimu Amiri alimwita Fauzia ofisini. Hakumgombeza.

"Pengo likionekana, mwanangu, litazibwa," alisema. "Wewe ulilificha kwa watoto wa wenzio, ukachimba la pili. Shida yetu tuiseme ilivyo, ndipo tutasaidiwa."