Maharage ya Bwana Zamani

Sogeeni hapa karibu na moto. Na wewe mtoto wa jirani, njoo, usikae mlangoni, mlangoni hapakaliwi. Anayetaka kukohoa akohoe sasa amalize. Acheni kutikisa huo ungo. Nyamazeni mpaka tusikie moto unavyokula kuni. Eeh, hivyo hivyo.

Haya alinisimulia mama yangu, Sauda, na mzee Nikolausi akaniambia vilevile kabla hajafa, naye hakuwa mtu wa kuongeza chumvi.

Ilikuwa wakati wa Mwingereza, baada ya vita ya Hitla. Mama alikuwa mpishi wa mzungu mmoja aliyejenga nyumba ya mawe upande wa Gehandu, mlima Hanang ukiwa mgongoni mwake. Hakulima ngano kama wenzake. Kazi yake ilikuwa kusoma habari za Wayunani na Warumi wa kale: waliuza mafuta kwa nani, walikula nini, waliabudu nini, walizikanaje. Kila akifungua kinywa anaanza, "Zamani sana," basi watu wakamwita Bwana Zamani, na mwenyewe akaitika.

Nikolausi, Mwiraqw wa Dongobesh, ndiye aliyepasua kuni na kuchota maji pale. Siku moja alimwuliza, "Bwana, hao Warumi si ndio waliomsulubu Yesu?"

"Ndio hao."

"Na bado unawapenda?"

Mzungu akacheka mpaka miwani ikamshuka puani.

"Lakini Bwana, kweli huna watu wako huko kwenu? Mke, shangazi, hata binamu mlevi?"

Bwana Zamani akapigapiga vitabu vyake kwa kiganja, kama mtu anayempapasa ng'ombe wake. "Watu wangu ni hawa," akasema.

Lishikeni neno hilo.

Asubuhi moja ya mwezi wa tano, ukungu umeshuka mpaka kwenye vizingiti, mama alifika kazini akakuta maharage sakafuni. Maharage meusi, mabichi, yamefuata mstari toka chumba cha kulala mpaka mlango wa mbele. Akasema moyoni, panya wametoboa gunia. Njaa kubwa ilikuwa imepita juzi juzi tu, na mama alikuwa na mtoto wa kunyonya. Nani aache chakula chini? Akayaokota yote, akayapepeta, akayaosha, akayachemsha na mahindi. Yakawa makande ya kulamba vidole. Bwana akala mezani, mama na Nikolausi wakala jikoni.

Bwana akaita. "Sauda, maharage haya umeyatoa wapi?"

"Sakafuni, Bwana. Panya hawa!"

Kijiko kikamwanguka mkononi. Nikolausi alisema hajawahi kumwona mzungu akigeuka rangi ya majivu namna ile.

"Yale hayakuwa yetu," akasema.

Akawaeleza kwa sauti ya chini. Zamani sana, mwezi kama huu, Mrumi mwenye nyumba aliamka usiku, akatembea pekupeku, akarusha maharage nyuma yake bila kugeuka, akisema, "Kwa maharage haya najikomboa mimi na wangu." Wafu wasiotulia wanamfuata wakiokota. Wakishashiba wanaondoka, na nyumba inakuwa salama.

"Na wewe ukafanya," mama akasema.

"Nilitaka kuandika jinsi inavyokuwa. Sikudhani kuna mtu atakuja." Akatazama mlango wa chumba cha kulala. "Nikasikia kitu kikiokota. Nikaogopa, nikawasha taa kabla hakijamaliza."

"Wafu wa Rumi wanafikaje Hanang?" Nikolausi akauliza.

"Hayo ni majini," mama akasema. "Jini haulizi njia. Ukiandaa sahani, anakuja."

Ndipo wakasikia. Kwenye sakafu ya simenti, pale kwenye ule mstari, kucha zilikuwa zinatafuta. Kra, kra. Zinatulia. Kra. Hakukuwa na mtu. Ikaja harufu ya taa iliyopulizwa ikazimika, lakini mafuta yenyewe hayakuwa mafuta ya taa, wala samli, wala karanga.

"Mimi naenda kwa mwanangu," mama akasema. Akajifunga kanga, akatoka mlango wa mbele, akaingia jikoni.

Akasimama. Akatoka tena mlango wa mbele, hatua moja kwenye ukungu, na hatua ya pili ikakanyaga majivu ya jikoni. Nikolausi akapita dirishani, akaangukia chini ya meza ya Bwana. "Yesu na Maria!" akasema.

Ndipo zile kucha zikaacha sakafu. Mama alisema alizisikia zikipanda mguu wa kiti alichoegemea, kisha hakuzisikia tena kwa masikio bali kwa mwili, vidole vidogo vya baridi juu ya tumbo lake, vikibonyeza hapa, vikisogeza pale, taratibu, kama mwanamke anayechambua maharage kwenye ungo na kutafuta yaliyo yake, na kila vidole vilipolipata moja vilikaza, na pumzi yake ikawa inapungua kwa kila moja.

Wakati huo nje ikasikika sauti. "Hodi!"

Alikuwa mama mdogo Mwantumu, amemleta mtoto anyonye kama alivyomleta kila alasiri. Mama alimwona kupitia kioo cha dirisha, mtoto mgongoni. Akafungua kinywa aitikie, Nikolausi akamziba kwa kiganja.

"Dada Sauda, usimkaribishe! Ukimkaribisha ataingia. Na akiingia?"

Mama akaelewa. Sisi hapa mtu hubisha hodi mara tatu, asipojibiwa anarudi zake. Basi wakae kimya, dada yake aondoke na mtoto, hata kama mtoto atalala na njaa, hata kama mama hatamwona tena. Machozi yakamtoka juu ya vidole vya Nikolausi.

"Hodi!" Ya pili.

Na humo ndani, katikati ya chumba ambamo hapakuwa na mtu, sauti ya mama yangu mwenyewe ikajibu, "Karibu, mdogo wangu. Mlete mtoto."

Mama akamng'ata Nikolausi kiganja akajinasua. "Bwana! Maharage yako wapi?"

"Gunia liko stoo. Lakini lazima iwe usiku wa manane, Sauda. Na lazima awe mwenye nyumba."

"Mwanangu hajui usiku wa manane! Na jiko hili mwenyewe ni nani? Yaseme hayo maneno."

Akamwambia. Mama akajaza maharage kwenye kanga, akavua viatu. Nikolausi akamshika nyuma ya nguo kama mtoto. "Dada, mimi je? Mimi nimo?"

"Umo. Fumba macho. Na wewe Bwana, nikutaje?"

Bwana Zamani alikuwa anatazama ule mstari wa sakafu kama mtu aliyesikia jina lake.

Mama akaanza kutembea kuelekea mlango wa mbele, akirusha nyuma konzi kwa konzi, akisema kwa maharage haya najikomboa mimi na wangu, mimi na wangu, na kila konzi ilipoanguka alisikia nyuma yake wakigombania, wengi kuliko alivyodhani, kucha na midomo na pua zinazonusa chini, na vile vidole tumboni vikaanza kulegea kimoja kimoja, na mlango ulikuwa karibu, na mlangoni kivuli cha Mwantumu kinainua mguu kuvuka kizingiti, ndipo nyuma yake, ndani kabisa, karibu na vitabu, mtoto akalia.

Kilio changu. Kilio kilekile, na kwikwi yake mwishoni.

Mguu wa mama ukasita. Shingo ikaanza kugeuka yenyewe. Lakini mama alisema, wanangu, matiti yake yalikuwa makavu. Tangu anizae, nikilia hata nyumba ya tatu, maziwa yalimtoka kabla hajajua. Sasa mtoto analia na kifua kimekauka kama jiwe la kusagia.

Ndipo huko mbele, kwenye ukungu, nikaguna tu, nikiwa nusu usingizini. Maziwa yakalowesha kanga.

Akarusha yote yaliyobaki akaruka, akamsukuma mama mdogo Mwantumu wakaanguka wote kwenye majani yaliyolowa ukungu, na Nikolausi juu yao.

"We Sauda, una wazimu?" Mwantumu akalia. "Si umenikaribisha mwenyewe?"

Mama akapiga kelele bila kugeuka. "Bwana! Njoo! Usitazame nyuma!"

Walimsikia akicheka, taratibu, kwa furaha, kama mtu aliyepokewa na jamaa stesheni.

"Nawaona," akasema Bwana Zamani. "Sauda, ni hao. Hao ndio wangu."

Mlango ukajifunga polepole, bila upepo.

Bwana shauri, yule Mwingereza mkuu wa wilaya, alituma askari. Walikuta vitabu, miwani, viatu, na sakafu safi, haina hata ganda la harage. Vitabu walichukua mapadre. Nikolausi alirithi viatu vya Bwana na kovu la meno ya mama. Nyumba hakuirithi mtu, na hata wafugaji wakinyeshewa hupita mbali nayo. Mama alirithi mkono wa kutookota chakula kilichoanguka, na alipokufa akaniachia mimi Sada ungo huu mnaouchezea. Ndiyo maana nikichambua maharage, likidondoka naliacha. Asubuhi silikuti.

Ninyi wajukuu hamna neno. Mama alisema "wangu," na ninyi mmo.

Na wewe mtoto wa jirani, inua mguu, umekanyaga harage. Usiliokote. Hebu njoo ukae katikati yetu. Kuanzia leo, mtu akikuuliza, wewe ni wangu.