Muhuri wa Mwezi wa Nane

"Shangazi, mimi sipandi."

"Hupandi? Viatu umenunua, tiketi ya treni nimekata mimi, halafu unaniambia hupandi?"

"Tumbo linaniuma."

"Tumbo gani? Sasa hivi tu umemaliza matonge matatu ya wali."

Tumbo la Chizuru halikuwa na kosa. Kosa lilikuwa la kengele. Aliisikia kabla hajamwona mwenyewe: kengele ndogo ya shaba, ile ya kufukuzia dubu ambayo wapanda mlima huining'iniza kwenye mkoba. Aliinunua yeye Tokyo na kumfungia mwanamume mmoja kwa mikono yake. Sasa mwanamume huyo alikuwa amesimama chini ya ngazi za Mlima Kasumori, kofia mkononi, akiwainamia wageni.

"Karibuni sana. Naitwa Endo Sohei, leo nitawaongoza mpaka hekalu la Unkoji, na..."

Macho yake na ya Chizuru yakakutana.

"Na nini?" Shangazi Toshie alimdaka. "Unatuongoza mpaka Unkoji na unatuacha hukohuko?"

"Na... kurudi, mama. Samahani."

Shangazi Toshie alikuwa mjane wa miaka sitini na minane, magoti yake ya chuma na mdomo hauna breki. Tangu mumewe afariki, alikuwa akizunguka mahekalu kukusanya mihuri: kila hekalu unatoa kitabu chako, wanakuandikia jina la hekalu na tarehe kwa brashi, kisha wanagonga muhuri mwekundu. Safari hii alimburuta Chizuru, binti wa kaka yake, akapate hewa na akili. Akili ilihitajika haswa, maana jioni ya siku hiyo Chizuru alitakiwa kumjibu mtu aliyemposa. Ujumbe wake ulikuwa umeshaingia kwenye simu tangu kwenye treni.

"Bi Chizuru, natumaini huko hakuna baridi kali. Mshenga ananiuliza jibu lako. Nitashukuru kulipata leo jioni, liwe lolote. Kuramochi."

Kuramochi alikuwa daktari wa meno. Mpole, msafi, hana kasoro hata ukitafuta kwa tochi. Walikuwa wamekutana mara nne. Chizuru alikuwa na miaka thelathini na minne, na asubuhi ile alikuwa ameshaamua kusema ndiyo. Ndiyo ya mtu aliyechoka, lakini ndiyo.

Halafu ndiyo hiyo kengele.

Walianza kupanda. Ngazi za Kasumori ni mia tisa, za mawe, zimelikwa na nyayo za watu, zinapita katikati ya misunobari minene ambamo jua hulipati ila kwa vipande. Majani ya miti mingine yalikuwa yameanza kuwa mekundu. Ingekuwa siku nyingine, Chizuru angepiga picha mpaka chaji iishe.

"Angalieni hapo, pana utelezi," alisema Sohei.

"Asante, Bwana Endo," alijibu Chizuru.

"Ukihitaji kupumzika, utaniambia, Bi Hayasaka."

"Nashukuru kwa kunijali, Bwana Endo."

Shangazi akasimama. "Ninyi wawili mbona mnaongea kama mko dirishani benki? Na jina la Hayasaka umelijuaje, kijana? Mimi nimeandikisha Mizuno, jina la marehemu mume wangu."

Sohei akakohoa. Chizuru akainamia kamba za kiatu ambazo hazikuwa zimefunguka.

"Tulifanya kazi ofisi moja Tokyo, Shangazi. Zamani."

"Ahaa," alisema Shangazi, na ile ahaa ilikuwa ndefu kuliko ngazi zilizobaki. "Umeoa, kijana?"

"Bado, mama."

"Kasoro iko wapi? Sura unayo, miguu unayo."

"Nilimngoja mtu. Hakuja."

Chizuru alihisi damu inampanda kichwani. Kumbe kuna watu wana macho makavu hivi! Aliongeza mwendo, akawapita wote wawili, hasira ikamsukuma ngazi hamsini bila kupumua.

Hasira hiyo haikuwa ya bure. Baba yake Sohei alipougua, Sohei aliacha kazi Tokyo kurudi kwao huku Sendai, ashike kazi ya baba ya kuongoza wageni mlimani. Siku ya kuondoka, pale stesheni, alimshika Chizuru mikono yote miwili.

"Usinijibu sasa, wala usinijibu kwa simu," alimwambia. "Simu inamfanya mtu aseme ndiyo kwa huruma. Kama uko tayari kuishi na mimi kule, panda Unkoji siku ya Tanabata. Nitakuwa kwenye roshani ya juu. Usipokuja, nitajua. Sitakuuliza tena, wala sitakusumbua."

Tanabata, siku ambayo zile nyota mbili zinazopendana huruhusiwa kuvuka mto wa mbinguni na kukutana, mara moja tu kwa mwaka. Angechagua siku gani nyingine mwanamume anayependa?

Chizuru alipanda. Mvua ilinyesha tangu asubuhi. Alikaa roshanini kwa saa saba, nguo zikamgandia mwilini, akiinuka kila aliposikia nyayo. Watawa wakafunga lango. Hakuna Sohei. Stesheni akamwandikia: "Nimeelewa. Tusitafutane tena." Akamfungia simu yake, asiweze kumpigia wala kumwandikia. Leo mtu huyohuyo anasimulia watu kwamba yeye ndiye aliyengoja!

Kwenye ngazi ya mia sita Sohei alimfikia. Shangazi alikuwa nyuma akisali mbele ya sanamu la mawe.

"Chizuru, sikujua kama ni wewe. Ningejua ningempa mwenzangu kundi hili."

"Ungekimbia. Si ndiyo kawaida yako?"

"Kawaida yangu? Wewe ulinijibu, mimi nikaliheshimu jibu lako. Sijakulaumu hata siku moja."

"Hujanilaumu! Loo, asante sana kwa kunisamehe!"

"Sasa nifanyeje ili usinikasirikie?"

"Niongoze mlimani, Bwana Endo. Nimelipia mlima, sikulipia hadithi."

Sohei akatoa mkobani tonge la wali lililofungwa kwa mwani, akaliweka juu ya jiwe karibu naye, akaenda kumsaidia Shangazi. Chizuru hakutaka kulila, ila njaa haina adabu. Ndani alikuta samaki aina ya samoni, hamna plamu ya chumvi, hiyo ambayo hajawahi kuipenda. Sohei huyajaza matonge ya wageni wake plamu, na wageni wengine wa kundi njiani walikuwa wakikunja nyuso kwa uchachu. Hili lilikuwa la kwake mwenyewe, la chakula chake cha mchana. Alilimaliza machozi yakimtoka, akajifanya ni jasho.

Unkoji wakafika mchana. Kibanda cha mihuri kilikuwa pembeni ya ukumbi, na ndani yake amekaa Mama Wakako, mke wa mtawa mkuu, kwani watawa wa huku huoa, brashi mkononi, miwani kwenye ncha ya pua.

"Nionyeshe kwanza mwandiko wako, mwenzangu," Shangazi alimwambia. "Hekalu la jana waliniandikia kama kuku amepita."

"Mwandiko wangu umo kwenye kitabu cha Sohei. Mwombeni."

"Hicho si cha kuonyesha," Sohei alisema haraka, akashika mfuko.

Lakini nani aliwahi kumzuia Shangazi Toshie? Kitabu kilishatoka mfukoni, kimefunguliwa.

"Haya, huu ndio mwandiko! Unkoji, mwezi wa nane, siku ya saba." Akafunua. "Unkoji, mwezi wa nane, siku ya saba." Akafunua tena. "Mwezi wa nane, siku ya saba. Kijana, wewe mwaka wako una siku moja?"

Mama Wakako akacheka. "Huyo mwacheni. Mwaka wa tatu huu. Siku hiyo anakaa roshanini toka tunafungua mpaka tunafunga, anainywa chai yangu na neno hasemi. Safari hii ameniambia, Mama, hii ndiyo ya mwisho, mwakani usinichemshie."

Chizuru alisogea.

"Mama, kuna nini hapa tarehe saba mwezi wa nane?"

"Tanabata, mwanangu."

"Tanabata ni mwezi wa saba."

"Ya kwenu Tokyo hiyo. Sisi huku ni mwezi wa nane. Mwezi wa saba mvua tupu, nyota gani utaziona?"

Brashi ilidondosha tone la wino, na Mama Wakako hakuliona.

Chizuru alimgeukia Sohei.

"Nilikuja mwezi wa saba."

"Nini?"

"Tarehe saba, mwezi wa saba. Nilikaa pale roshanini kwa saa saba kwenye mvua. Hata vikaratasi vya maombi ya Tanabata sikuviona kwenye mianzi, nikasema labda watu wa mlimani hawajali mapambo. Sanduku langu nilikuwa nimeliacha kwenye kabati la stesheni, Sohei. Sanduku! Nilikuja kuhamia."

Sohei alikitazama kitabu chake mkononi mwa Shangazi.

"Ule ujumbe..."

"Niliuandika nikiwa nimelowa chapachapa."

"Mimi nikadhani umenijibu mapema ili nisipande bure. Nikalia siku tatu. Ila nilikuahidi nitakuwepo, nikapanda hivyohivyo. Nikasema, pengine atabadili mawazo."

"Na mimi nilikuwa nimekufungia simu!"

"Ee Mungu wangu," alisema Shangazi, kiganja kikimshuka juu ya paji la uso. "Nchi nzima inajua Sendai wanasherehekea mwezi wa nane! Kila mwaka wanaonyesha kwenye televisheni!"

"Najua, Shangazi! Nilidhani ni sherehe ya mjini, ya kuvuta watalii. Sikujua watu wanaishi nayo!"

"Na wewe kijana, miaka yako yote ya Tokyo, hukuona wenzako wanatundika karatasi mwezi wa saba?"

"Niliona, mama. Lakini Tanabata ni ya nyumbani. Sikufikiri kama inahitaji kutajiwa mwezi."

"Watu wazima na elimu zao!" Shangazi alifoka, kisha akajifuta macho kwa kitambaa. Alikuwa analia naye.

Chizuru alitoka kwenda roshanini. Ni roshani ya mbao iliyotokeza nje ya jabali, na chini yake bonde lote limefunguka: mashamba ya mpunga uliovunwa, mto, treni ya mabehewa mawili ikikata katikati. Na ndipo mahali pekee mlimani ambapo simu inashika. Ikatetemeka mkononi mwake.

"Bi Chizuru, msiharakishe kushuka, ngazi zina hatari. Kuramochi."

Alimpigia.

"Bwana Kuramochi, jibu langu ni hapana. Naomba radhi sana. Hujanikosea kitu chochote."

"Kuna mtu?" aliuliza daktari.

"Yupo. Nimejua nusu saa iliyopita kwamba hakuniacha."

"Basi nafuu umejua leo. Kesho ingekuwa vibaya kwetu sote." Akavuta pumzi. "Mshenga nitamwambia mwenyewe. Shuka polepole, Bi Chizuru."

Alikata simu akalia kwa ajili ya mtu mwema. Kisha akasikia kengele nyuma yake.

"Nimesikia," Sohei alisema. "Sikukusudia."

"Vizuri, umeniokolea kurudia."

"Chizuru, miaka miwili na zaidi imepita. Mimi ni yuleyule, ila magoti yamezeeka. Baba amepona nusu, analalamika mzima. Nyumba ina baridi. Kama bado..."

"Usithubutu kuniambia nije Tanabata."

"Sithubutu."

"Usiniambie nije siku yoyote. Niulize sasa, hapahapa, na nikujibu kwa mdomo wangu."

Sohei akavua kofia.

"Utaishi na mimi?"

"Ndiyo. Na leo ni tarehe kumi na tisa, mwezi wa kumi. Hapa na Tokyo, kote kuwili."

Walikumbatiana, kengele ikalia. Kutoka kibandani sauti ya Shangazi ikapaa juu ya hekalu zima:

"Mama Wakako, mwandikie binti yangu karatasi yake ya muhuri! Weka mwaka, weka mwezi, weka siku! Na saa kama nafasi ipo!"

Jioni walikula supu ya magimbi ukingoni mwa mto, na Shangazi akagombana na baba yake Sohei kama nyama ya supu hiyo iwe ya nguruwe au ya ng'ombe. Ugomvi huo haujaisha mpaka leo.

Mwaka uliofuata Chizuru na Sohei walisajili ndoa yao manispaa tarehe saba ya mwezi wa saba, mvua ikinyesha, na karamu wakaifanya tarehe saba ya mwezi wa nane. Kila mmoja alifika siku ya mwenzake. Kadi za mwaliko zilikuwa na tarehe kwa tarakimu na kwa maneno, na Shangazi Toshie hakuridhika. Alikaa siku nzima na kalamu nyekundu, kadi moja baada ya nyingine, akiuzungushia mwezi duara.