Bendi ya Kumi na Nne

Kila asubuhi saa mbili kamili Sajini alizijaribu redio zake kumi na tatu, moja baada ya nyingine, kama mama anayewaamsha watoto wa shule. Jeshini masafa ya mawimbi yamegawanywa katika bendi, na kila bendi ina herufi yake, kuanzia A mpaka M. Aliita herufi, kituo cha mbali kikajibu, akaweka alama daftarini. Baada ya M hakuna kitu.

Jumatatu moja M ilijibu, akafunga daftari, kisha akasikia, "N, tayari."

Kidole chake kilikuwa kimeshabonyeza kitufe cha kujibu. Miaka kumi na moja kazini si mchezo, anayeita hujibiwa. "N, nimekupata, endelea."

Hakuna aliyeendelea. Chumba kilinuka nywele zilizoungua.

"Koplo, umesikia?"

"Nisikie nini, afande? Au umetuongezea herufi?" Koplo akacheka peke yake.

Punde mume wa Sajini akapiga simu. Binti yao wa miaka sita, ambaye nyumba nzima ilimwita Kasuku kwa jinsi asivyofunga mdomo, alikuwa amenyamaza ghafla akinywa chai. Daktari alimmulika kooni, asione hata kidonda.

Mama mkwe ndiye aliyemleta mganga, mwanamke mnene mwenye miwani ya kusomea, aliyekataa hata kuketi.

"Kuna sauti uliyoiitikia?"

"Niliitikia, mama. Ndiyo kazi yangu."

"Basi umemkaribisha jini. Ameichukua sauti ya mtoto, na atakuita nayo asubuhi tatu. Ukinyamaza zote, atairudisha. Ukiitika hata mara moja, imekuwa yake."

Sajini alitaka kucheka, akamtazama Kasuku akihangaika kusema "maji," kicheko kikamkauka.

Asubuhi ya kwanza, baada ya M, ilisikika, "Mama?" Alijiziba mdomo. Ya pili ikauliza, "Mama, nimekukosea nini?" Safari hii Koplo naye alisikia, na utani wote ukamwisha.

Asubuhi ya tatu harufu ilitangulia, nzito kiasi cha kuwasha macho, kisha redio zote kumi na tatu zikaanza kuita kwa mpigo, hata zile zilizozimwa, "Mama, huku kuna giza, mama, njoo unichukue," naye Sajini akaing'ata leso machozi yakimtiririka, Koplo akiwa amemshika mikono yote miwili isifike kwenye kitufe, huku sauti ikiomba, ikilia, ikikwama kwa kwikwi kama Kasuku mwenyewe anavyolia, mpaka ikafifia, ikazama, ikakatika.

Harufu ikaisha.

"Tumeshinda, afande," Koplo akanong'ona.

Simu ya mezani ikalia. Sajini akainyakua.

"Mama! Nimepona, mama! Unanisikia?"

"Nakusikia, mwanangu! Nakusikia!" Alikuwa akilia na kucheka kwa pamoja, hajawahi kufurahi hivyo maishani.

Mlango ukafunguliwa. Mume wake alisimama pale na Kasuku mkononi.

"Tumeshindwa kungoja nyumbani," alisema kwa sauti ya chini. "Vipi, imekwisha?"

Kasuku akajichomoa, akamkimbilia mama yake, akafungua mdomo amwite, na sauti ikatokea kwenye simu.